Aliyeiba ni Mdogo Wangu au ni Unga?

Shangazi, shikamoo.

Naandika kutoka Tandika, Dar es Salaam. Mimi ni wa kwanza kwa mama, na huyu ninayetaka kumzungumzia ni kitindamimba wetu, ana miaka 29. Ni fundi friji, na alikuwa fundi hasa. Watu walimfuata kutoka Mbagala wakawaacha mafundi wa mitaani kwao. Leo ni teja wa heroini, huo wanaouita unga. Neno hilo linaniuma, lakini ndilo mtaa mzima unalomwita, akipita wanashika simu zao.

Mama ni mweka hazina wa kikoba cha akina mama hapa mtaani. Sanduku lao lina makufuli matatu na funguo wanazo watu watatu tofauti, kwa hiyo hela ikishaingia humo iko salama. Lakini safari hii kuna wanachama walichelewa kikao, wakamletea mama marejesho yao nyumbani, jumla shilingi 640,000. Akazitia kwenye bahasha, akazifungia kwenye droo ya kabati la nguo zisubiri kikao kijacho. Kwenye droo hiyohiyo kulikuwa na bahasha yangu ya ada ya mwanangu, imeandikwa jina lake juu.

Alhamisi mama akaenda msibani Yombo. Mdogo wangu alimsindikiza mpaka barabarani, akamsimamishia bajaji, akampa mkono wa kupandia, kisha akarudi nyumbani. Jioni mama anaingia chumbani, anakuta droo imefunguliwa kwa bisibisi, kwa ufundi kabisa, kitasa hakina hata mkwaruzo. Bahasha ya kikoba haipo. Yangu ipo palepale, haijaguswa.

Mdogo wangu alipotea, halafu akarudi akiwa na arosto, yale mateso ya mwili kukosa unga. Anapiga miayo mfululizo, kamasi zinamtiririka, anatetemeka chini ya blanketi na nje ni jua la saa nane mchana. Nilimkalia pembeni nikamtolea yote yaliyokuwa moyoni. Nikamwambia umemzika mama akiwa hai, na hakuna aliyekushikia kisu uanze kuvuta. Alinisikiliza mpaka nikamaliza. Halafu akasema, "Dada, ningekuwa na uwezo wa kuchagua, unadhani ningechagua kuwa hivi?" Shangazi, nilikosa la kusema. Swali hilo linanikesha.

Mama anasema siyo yeye, ni unga. Anasema, "Mtoto wangu namjua. Hili lilishaandikwa, ni mtihani wetu." Anataka tuwaambie wanakikoba kwamba vibaka waliingia mchana nyumba ikiwa tupu, na mimi niwe shahidi kwa sababu wenzake wananiamini. Mjomba naye hataki kusikia habari ya ugonjwa. Anasema alianza mwenyewe na akili zake timamu, basi abebe. Mwanzo alitaka tumpeleke polisi. Sasa ana mpango wa kumchukua shambani kwake Mkuranga, amfungie chumbani kwa mnyororo mwezi mzima mpaka unga umtoke mwilini.

Nikikaa na mama naona ni dhambi kumlaumu mgonjwa. Nikikaa na mjomba naona nimelea mwizi. Naomba uniambie jambo moja tu: ana lawama au hana? Nikilijua hilo, mengine nitayajua.

Dada Mkubwa,
Tandika

* * *

Marahaba, mwanangu. Pole sana, na unifikishie pole kwa mama.

Nitaanza na mpango wa mjomba kwa sababu una haraka kuliko swali lako. Msiukubali. Arosto ya heroini huanza kati ya saa 8 na 24 tangu mtu alipotumia mara ya mwisho, na kwa kawaida huchukua siku 4 hadi 10. Kwa hiyo mjomba hajakosea kwamba ndani ya mwezi mwili wake utatulia. Hatari iko siku atakapofunguliwa. Mwili utakuwa umepoteza uzoefu wake wa kuhimili unga, huku hamu ikiwa bado ipo kichwani. Akirudi maskani akatumia kiasi kilekile alichozoea, pumzi zinaweza kukatika. Hivyo ndivyo wanavyokufa wengi waliotoka gerezani au waliolazimishwa kuacha ghafla bila dawa wala ufuatiliaji. Zaidi ya hayo, kumfunga mtu mzima kwa mnyororo bila ridhaa yake ni kosa la jinai. Mpigieni mjomba magoti kama ni lazima, mmwambie tunajua anampenda, lakini njia hiyo inaweza kuturudishia maiti.

Sasa swali lako. Umeniomba neno moja, ana lawama au hana. Siwezi kukupa neno moja kwa sababu humo ndani umefunga mambo mengi: kuanza kuvuta, kuwa mraibu, kuvunja droo, na atakachofanya kesho. Kila moja lina uzito wake, na ukiyapima yote pamoja utaishia ulipo sasa, leo upo na mama, kesho upo na mjomba.

Hamu yenyewe hakuichagua. Heroini inaingia kwenye ubongo na kushika sehemu zilezile ambazo dawa za asili za mwili za kutuliza maumivu hushika. Ikizoeleka, mwili hauwezi tena kukaa sawa bila hiyo. Ile miayo, zile kamasi, kule kutetemeka juani, hakuna anayeamua mambo hayo. Tena tafiti za mapacha zinaonyesha kwamba karibu nusu ya wepesi wa mtu kunasa kwenye uraibu ni urithi. Vijana wawili wanaweza kuonja kitu kilekile kijiwe kimoja, mmoja akaondoka zake na mwingine asitoke. Kuhusu siku ya kwanza, ulimwambia kweli kwamba hakushikiwa kisu. Lakini siku ile alichagua kuonja. Hakuwekewa mezani miaka hii yote aione, aambiwe chagua. Mjomba anapomtwisha uzito wote huu kwa sababu ya siku moja ya ujana, anamtwisha zaidi ya alichofanya.

Ile Alhamisi ni habari nyingine kabisa, na wewe mwenyewe umeniletea ushahidi bila kuupima. Alisubiri mama aondoke. Alimsindikiza, akampakia kwenye bajaji, akahakikisha amekwenda. Akachukua bisibisi, akafungua kitasa taratibu kwa ufundi wake wa miaka mingi kisijulikane. Kisha akaziona bahasha mbili, akasoma jina la mpwa wake kwenye moja, akaiacha. Mwanangu, ikae kidogo hiyo. Mtu aliyeshikwa kiasi cha kutokuwa na uwezo wowote angebeba zote mbili, tena mama akiwa sebuleni. Mdogo wako alikuwa na hamu inayomkaba, na ndani ya kukabwa huko alipanga, alingoja, alipima, na kuna kitu alikataa kukifanya. Kama aliweza kuiacha bahasha ya mtoto, uwezo wa kuiacha ya kikoba haukuwa umekufa. Ulikuwa umedhoofika, na hiyo ni sababu ya kumpunguzia lawama. Haitoshi kumfutia.

Kwa hiyo swali aliloliuliza chini ya blanketi, mjibu, usiendelee kulibeba peke yako. Ni swali la kweli. Mwaka 1971 mwanafalsafa Mmarekani Harry Frankfurt aliandika kuhusu waraibu wawili: mmoja anatumia na ameridhika na hamu yake, mwingine anatumia huku anaichukia hamu hiyohiyo na anatamani isingekuwa yake. Mdogo wako amekuonyesha kwamba yeye ni wa pili. Huyo unaweza kuongea naye. Mwambie hivi: "Nakubali, hukuchagua kuwa hivi. Mimi nakuuliza habari ya Alhamisi." Usipandishe sauti. Na usimwambie akiwa na arosto, maana mtu aliye katika hali ile atakubali neno lolote ili umwache au umpe hela.

Mama anasema lilishaandikwa. Simdharau hata kidogo, imani ndiyo inayomsimamisha sasa hivi. Nawachukulia kuwa ni nyumba ya Kiislamu, kwa hiyo mkumbushe kisa ambacho bila shaka amekisikia msikitini. Khalifa Umar alikuwa njiani kwenda Sham, akafika mahali paitwapo Sargh, akapata habari kwamba tauni imezuka huko mbele. Baada ya kushauriana na watu akaamua kurudi. Abu Ubayda, swahaba mwenzake, akamuuliza kama anaikimbia kadari ya Mwenyezi Mungu. Umar akamjibu ndiyo, tunaikimbia kadari ya Mwenyezi Mungu kwenda kwenye kadari ya Mwenyezi Mungu. Wote wawili waliamini kadari, na mmoja wao aligeuza ngamia. Na ile hadithi ya kalamu ya kuandika matendo kuinuliwa inawataja watu watatu wasioandikiwa: aliyelala mpaka aamke, mtoto mpaka abaleghe, na aliyepoteza akili mpaka akili zimrudie. Mdogo wako Alhamisi mchana, na bisibisi yake mkononi, hakuwa yeyote kati ya hao. Sheria ya nchi nayo haiko mbali na hapo. Kifungu cha 14 cha Kanuni ya Adhabu kinasema ulevi, ukiwemo wa dawa za kulevya, hauwi utetezi kwa mtu aliyelewa kwa hiari yake, isipokuwa kwa hali chache, kama vile ulevi uliofikia wazimu. Mahakama inaweza kuutazama inapopima kama mtu aliweza kuwa na nia, lakini haianzi kwa kumwachia.

Sasa nije kwenye jambo ambalo natamani likae kichwani mwako kuliko yote, kwa sababu nadhani mama na mjomba wote wamelikosa. Wanazungumza kana kwamba uwezo wa kuchagua mtu anao au hana. Ukweli ni kwamba unaongezeka na kupungua, na mazingira yana mkono mkubwa. Askari wa Marekani waliokuwa Vietnam, karibu asilimia 20 kati yao walisema walikuwa waraibu wa heroini kulekule vitani. Mtafiti Lee Robins aliwafuatilia waliorudi mwaka 1971, na kati ya hao waliokuwa waraibu, ni takriban asilimia 5 tu waliorudia uraibu ndani ya mwaka wa kwanza nyumbani. Sikuambii kwamba mdogo wako ni kama wao. Wao waliiacha Vietnam nyuma ya bahari na hawakuwa na mazoea ya unga nyumbani. Yeye maskani yake iko hapo uchochoroni. Lakini unaona jinsi mahali panavyoweza kumrudishia mtu nguvu aliyodhani hana. Halafu mwaka 1991 huko Vermont, Stephen Higgins na wenzake walichapisha matokeo yao ya kuwapa waraibu wa kokeini vocha ya kubadilisha na bidhaa kila mkojo wao ulipopimwa ukakutwa safi, pamoja na ushauri nasaha. Wengi walikaa bila kutumia kwa muda mrefu kuliko waliopewa ushauri wa kawaida. Vocha haiponyi malaria. Kama inamsaidia mraibu, basi ndani yake kuna mtu anayepima na kuchagua, anayehitaji mizani ielemee upande wake.

Kinachoelemeza mizani kwa mdogo wako kipo karibu nanyi. Muhimbili ilianza kutoa methadone, dawa ya kutibu uraibu wa heroini, Februari 2011, huduma ya kwanza ya aina hiyo katika hospitali ya umma kwenye bara hili kusini mwa Sahara, kisha zikafuata Mwananyamala na Temeke. Kutoka Tandika hadi Temeke hamhitaji hata nauli. Dawa haiuzwi. Ni ya maji, anainywa palepale dirishani mbele ya mtoa huduma, mwanzoni kila siku, sikukuu na wikiendi zimo. Inafanya kazi kwa zaidi ya siku nzima, hivyo arosto haimkimbizi tena asubuhi. Majirani watawaambia mnabadilisha unga kwa unga. Si kweli. Mwenye kipimo sahihi cha methadone halewi wala haumwi, anaweza kusimama kwenye friji ya mtu kuanzia asubuhi mpaka jioni na kuona anachokifanya. Mara nyingi anayetaka kuanza hupitia kwanza kwenye asasi zinazofanya kazi na waraibu mitaani, zimwandae na kumpa ushauri; ukienda kliniki watakuelekeza. Jambo moja lizingatiwe sana: akiwa kwenye methadone asichanganye na pombe wala valiamu. Mchanganyiko huo unaua.

Na hapa ndipo nitakapomlaumu kwa uzito wote. Arosto haikuwa hiari yake. Alhamisi hiari yake ilikuwa imebanwa. Lakini mtu anayejua kuna dirisha liko wazi asubuhi, bure, mwendo wa miguu, na dada yake amesema nitakwenda na wewe, huyo akigeuza ubavu akalala, ajue hilo ni lake. Mwambie mapema, kabla hajaanza, ili asije kusema hakuambiwa.

Nimebakiza lile la vibaka, na hapo nazungumza na wewe. Mama anakuomba uwaambie wanakikoba kwamba watu waliingia mchana. Mwanangu, unaujua mtaa wako. Ikisemwa vibaka, kesho yake litatafutwa jina. Litatajwa la kijana mwingine wa maskani, au mtoto wa mtu aliyeonekana akipita uchochoroni saa nane, na Dar es Salaam tunajua wananchi wenye hasira wanavyommaliza mtu kwa matofali na tairi kabla polisi hawajafika. Huyo akifa atakuwa amekufa kwa maneno yako. Wewe huna arosto. Hakuna hamu inayokukaba koo. Umekaa, umefikiri, umeandika barua nzima yenye mpangilio. Katika nyumba yenu, kwa jambo hili, mwenye uhuru kamili wa kuchagua ni wewe, na kwa hiyo lawama yako haitakuwa na punguzo. Nakusihi usiwe shahidi wa jambo hilo, hata mama akilia.

Mkae na mama, mumweleze kwamba aibu ya kusema "mwanangu amechukua" inapita. Kabla ya kikao aende kwa mwenyekiti wa kikoba na wenzake wenye funguo, aseme ukweli wote, na aseme pia kwamba hela ile ilikuwa chini ya dhamana yake na familia itailipa. Inawezekana wakataka kwenda polisi. Hela ni yao, hiyo ni haki yao, msiwakasirikie. Lakini wanawake waliowekeza pamoja kwa miaka mara nyingi hukubali mpango wa kulipa kama hawakudanganywa. Usichukue ada ya mtoto kulipia deni hili. Mjomba, aliyekuwa tayari kugharimia mnyororo na chakula cha mwezi, mwombe awakopeshe sehemu ya kwanza ili wanachama wasikwame.

Mkopo huo wa mjomba na deni la kikoba vyote viandikwe kwa jina la mdogo wako. Akishakaa vizuri kwenye dawa, kipimo kimetulia na ameanza kushika kazi, aende mwenyewe kwenye kikao, asimame, aseme alichofanya. Kisha kila akipata kazi ya friji, sehemu iende kulipa, aipeleke kwa mkono wake na daftari lisainiwe. Msimlipie kimyakimya kwa kumwonea huruma. Mkimwambia "wewe ni mgonjwa, usijali", mtakuwa mmemchukulia kitu ambacho unga wenyewe haujamaliza kumchukua. Mwanzoni fedha za mteja azipokee mtu mwingine, wewe au mke wa jirani mnayemwamini, na funguo za droo zisikae nyumbani. Hiyo ni kumpunguzia vishawishi wakati nguvu bado ni ndogo, na yeye mwenyewe akiwa na akili atakushukuru kwa hilo.

Anaweza kuanguka. Wengi huanguka, hata walio kwenye dawa. Ikitokea, usianze upya ule mjadala wa mama na mjomba kuhusu yeye ni nani. Asubuhi yake mpeleke dirishani, waambie wahudumu kwamba ametumia na siku ngapi amekosa dozi ili wamrekebishie kipimo, na deni la kikoba liendelee kulipwa kuanzia lilipoishia.